Tumeondoa shauri mahakamani tukaenda Tume ya Haki za Binadamu, Mwanza: nyota nne

Nyota nne kati ya tano. Naanza na alama kwa sababu kila anayenikuta pale Kirumba mwaloni, soko la samaki na dagaa la hapa Mwanza, ananiuliza kitu kimoja: "Mama, hiyo Tume inafaa au haifai?" Inafaa. Ila inafaa kwa jambo la aina fulani, na kama tayari una kesi, kuna mlango inabidi utoke vizuri kabla ya kuingia kwao. Mlango huo ni wa mahakama. Nitaueleza kwa kirefu kuliko nitakavyoieleza Tume yenyewe, maana wengi wanaharibikiwa hapohapo.

Mimi ni katibu wa kikundi cha akina mama wa dagaa. Mitumbwi inavua usiku wa giza kwa taa za sola, asubuhi tunapokea kwa ndoo, tunaanika, tunapakia kwenye magunia, tunaleta Kirumba kwa wanunuzi wa jumla, wengine wametoka mpaka Kongo. Mbalamwezi ikiwa kali hakuna kuvua, na hizo ndizo siku tunazopata nafasi ya kufuatilia mambo ya ofisini. Kwa hiyo shauri letu lote lilikwenda kwa kalenda ya mwezi. Mwalo wetu, yaani ufukwe ambapo mitumbwi inashusha na sisi tunaanika, uko katika halmashauri moja ya kando ya ziwa. Jina naliacha, kwa kuwa tumeshakaa nao mezani na kutia saini, na bado tunahitajiana.

Dagaa wa mchangani na dagaa wa kichanja ni biashara mbili tofauti. Kichanja ni nguzo za kufika kiunoni, juu umetandazwa wavu mgumu, upepo unapita chini na juu. Jua likipiga vizuri, jioni unakusanya mzigo unaong'aa, na ukiusugua kiganjani hautoi mchanga. Mnunuzi wa Kirumba naye anafanya hivyohivyo: anachota kiganja, anasugua, anatafuna mmoja, na akisikia punje ya mchanga chini ya jino bei inashuka palepale, hata hajameza. Masika ikikukuta umeanika chini, mzigo unaishia kuwa chakula cha kuku.

Ndiyo maana halmashauri ilipotuambia tuchangie ujenzi wa vichanja, tulichanga bila kubishana. Shilingi 50,000 kila mwanachama, stakabadhi mkononi, ahadi ya safu nne upande wa juu, mbali na maji. Vichanja vikajengwa, vizuri tu. Siku ya ugawaji orodha ikabandikwa ukutani, na kikundi chetu hakikuwemo hata kwa safu moja. Ukimuuliza mtendaji wa kijiji anakwambia ni suala la kata. Kata wanasema ni afisa uvuvi. Afisa uvuvi anasema yeye hagawi, anasimamia. Mwenyekiti wa BMU, kikundi cha kusimamia uvuvi pale mwaloni, anacheka tu na kukwambia msubiri awamu ya pili. Masika yale tuliyaanikia mchangani, na mnaoijua biashara mnajua ilikuwaje.

Tukatafuta wakili, tukafungua shauri.

Hapa nieleze kidogo, kwa sababu watu wanadhani kuishtaki halmashauri ni sawa na kumshtaki jirani aliyekula shamba lako. Unatanguliza notisi ya siku 90. Tangu marekebisho ya sheria ya 2020, shauri la madai dhidi ya halmashauri linafunguliwa Mahakama Kuu, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe. Kwa maneno mengine, akina mama wanaodai safu nne za vichanja wanajikuta upande wa pili amesimama wakili wa Serikali mwenye suti na mafaili. Hati yetu ya madai iliandikwa kwa Kiingereza, ingawa tangu 2021 sheria inaitambua Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, ikawa sisi wenye madai tunasomewa madai yetu wenyewe. Wakili alikuwa mtu mwema na bei yake haikuwa mbaya. Ni mazoea ya kazi yao.

Na mahakama yenyewe sina neno nayo. Shida ilikuwa kwingine kabisa, na hili sikulisikia kwa mtu yeyote kabla. Tangu siku tulipofungua shauri, halmashauri iliacha kusema nasi. Tukienda kuuliza nani amepewa safu za juu, jibu ni "suala liko mahakamani". Tukiomba muhtasari wa kikao kilichogawa vichanja, suala liko mahakamani. Siku moja mwenzetu alikwenda kwa afisa maendeleo ya jamii kuulizia mkopo wa asilimia 10, ile ya 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu, jambo lisilohusiana na vichanja hata kidogo, akajibiwa hivyohivyo. Kesi tuliyoifungua ili tupate majibu ikawa ndiyo sababu yao ya kutotujibu. Na walikuwa na haki ya kunyamaza, hapo ndipo palipouma.

Kisha ukaja utetezi wao wa maandishi pamoja na pingamizi la awali: kwamba kikundi chetu si mtu kisheria. Tumesajiliwa halmashauri kama kikundi cha kijamii, tuna cheti, tuna akaunti ya benki, tuna muhuri, lakini kwa sheria hatuwezi kusimama kama "kikundi" na kushtaki. Ilitakiwa ama tushtaki kwa majina yetu, au wachache wetu waombe ruhusa ya mahakama ya kuwawakilisha wengine. Wakili akakuna kichwa. Akasema hoja hiyo ina miguu.

Kikao chetu cha siku ile kilikuwa kirefu. Mweka hazina hakutaka kusikia habari ya kuondoa: tumelipa, tumesubiri notisi, tumefika, turudi nyuma kwa lipi? Mama mmoja, mkubwa kuliko sote, akasema mwenye nguvu mpishe, tutafute pengine pa kuanikia. Aliyetutoa hapo ni binti mmoja msaidizi wa kisheria, wale wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Yeye aliuliza swali la kawaida tu: "Mama zangu, mnataka hela au mnataka kujua safu zenu zilikwenda wapi?" Tukagundua wengi wetu tulitaka kujua kwanza. Akasema basi hilo ni la Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ila Tume haigusi jambo lililo mahakamani. Ni kifungu cha sheria yao, Sheria Namba 7 ya 2001. Huwezi kuwa na mguu huku na mguu kule.

Sasa tufike kwenye mlango.

Kuondoa shauri si kuacha kwenda mahakamani. Kuna watu Mwanza hii wameondoa kesi kwa kukaa nyumbani, kesi ikafutwa kwa kutohudhuria, wakaja kushangaa baadaye. Kuondoa ni ombi, na ombi lenyewe lina sura mbili. Amri ya 23, Kanuni ya 1 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inasema mdai anaweza kuliondoa shauri lake wakati wowote. Lakini akiliondoa bila ruhusa ya kulifungua upya, basi kwa jambo lilelile na wadaiwa walewale mlango umefungwa. Ruhusa ya kufungua upya inatolewa mahakama ikiridhika kwamba shauri lina kasoro ya kiutaratibu itakayoliangusha, au kuna sababu nyingine ya kutosha. Mnaona? Ile kasoro ya kikundi kutokuwa mtu kisheria, iliyokuja kutuangusha, ndiyo iliyotupa sababu ya kuomba ruhusa. Wakili wetu aliikamata palepale.

Siku ya ombi chumba kilikuwa na watu wengi na zamu yetu ilikuwa fupi. Wakili alisimama, akasema tunaomba kuliondoa shauri kwa ruhusa ya kulifungua upya, akataja kasoro. Wakili wa Serikali akasema hapingi kuondolewa ila anaomba gharama. Wetu akajibu kwamba wadai ni wachuuzi wa dagaa na shauri halijasikilizwa. Mheshimiwa Jaji akaandika kitambo, kalamu ndiyo tu iliyokuwa ikisikika, kisha akasoma: shauri limeondolewa, ruhusa ya kufungua upya imetolewa kwa kufuata sheria ya ukomo wa muda, kila upande ubebe gharama zake. Mweka hazina wetu akaninong'oneza, "Tumeshindwa?" Nikamwambia hapana, tumetoka.

Maneno hayo ya ukomo wa muda msiyaruke. Ruhusa ya kufungua upya haisimamishi muda. Kanuni ya 2 ya amri hiyohiyo inasema sheria ya ukomo itahesabu kana kwamba lile shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Kwa hiyo kama dai lako ni la mkataba una miaka 6 tangu jambo litokee, kama ni la madhara una miaka 3, kama ni la kurudisha ardhi una miaka 12, na kama unadai fidia kwa kitu kilichofanywa kwa mujibu wa sheria fulani una mwaka mmoja tu. Muda utakaokaa Tume unahesabika. Anayetaka amri za Mahakama Kuu dhidi ya uamuzi wa ofisi ya umma, ile njia ya kuomba kibali kwanza, yeye ana miezi 6 tu tangu uamuzi. Muulize wakili wako tarehe yako ya mwisho ni ipi, umwambie aiandike kwenye karatasi, na karatasi ibandikwe mahali unapoiona. Yetu ilikuwa kwenye mlango wa kabati la vyombo.

Halafu usitoke mahakamani bila nakala ya amri iliyogongwa muhuri.

Nakuja Tume. Wana ofisi ya tawi hapa Mwanza, ingawa makao makuu yako Dodoma, na hili peke yake linastahili nyota moja, maana nauli ya Dodoma kwa mtu wa dagaa si mchezo. Huduma ni bure. Narudia: bure. Hakuna ada ya kufungua lalamiko, hakuna fomu ya kuuziwa, na akitokea mtu nje ya ofisi yoyote ya umma akakwambia atakusaidia "kusukuma faili", huyo anasukuma mfuko wake. Unaweza kuandika barua, unaweza kueleza kwa mdomo wakakuandikia. Kwa wenzetu wasiojua kusoma hilo ni jambo kubwa. Mama mmoja wa kikundi alieleza sehemu yake kwa Kisukuma akichanganya na Kiswahili, na iliandikwa.

Kijana aliyetupokea alianza na shikamoo, akatutafutia viti, kisha akauliza swali ambalo nadhani wanamuuliza kila mtu: je, jambo hili liko mahakamani au katika baraza lolote? Nikamkabidhi ile amri. Akaisoma yote, mpaka tarehe, akatoa fotokopi, akanirudishia yangu. Pale ndipo nilipoelewa kwa nini binti wa msaada wa kisheria alituganda na muhuri.

Swali la pili ndilo lililotutoa jasho: "Mnaomba Tume iwafanyie nini?" Tulikuwa watu kadhaa na kila mmoja akatoa lake. Mmoja fidia ya dagaa walioharibika masika. Mwingine vichanja. Mweka hazina akasema mkurugenzi aondolewe. Kijana hakucheka. Akaeleza taratibu kwamba Tume haimfukuzi mtu kazi wala haimpeleki mtu jela. Inachunguza, inaweza kuita watu na kudai nyaraka, inaweza kusuluhisha, na mwisho inatoa mapendekezo kwa mamlaka inayohusika. Akatuomba tuchague yale tunayoweza kuyathibitisha kwa karatasi tulizonazo. Tukabaki na mawili: tupewe maelezo na nyaraka za ugawaji, na michango yetu itambuliwe kwa safu za vichanja. Lalamiko likaingia kurasa mbili. Hati ya madai ya mahakamani ilikuwa kubwa mara nyingi zaidi, na sidhani kama ilisema zaidi ya hapo.

Wazee wetu wanaikumbuka Tume kwa jina jingine. Marehemu baba alikuwa akiisema "Tume ya Uchunguzi", Tume ya Kudumu ya Uchunguzi iliyoanzishwa 1966, ambayo ilikuwa chombo cha kwanza cha aina hiyo katika Afrika. Hii ya sasa ilichukua nafasi yake 2001 baada ya marekebisho ya Katiba ya 2000, ikaongezewa haki za binadamu. Kwa mtu wa kawaida kazi ni ileile: ofisi ya Serikali imekuonea, imekuzungusha au imekunyamazia, na unataka chombo kingine cha dola kiiulize kwa nini.

Na kuuliza kweli wanauliza. Barua ya Tume ilikwenda kwa mkurugenzi ikitaka maelezo. Majibu hayakuja mbio, kulikuwa na kukumbushana. Lakini yalipokuja yalikuja na kiambatanisho, na hicho kiambatanisho ndicho tulichokuwa tukikihangaikia tangu mwanzo: muhtasari wa kikao. Nikausomea ofisini palepale kwa kidole, mstari kwa mstari. Michango yetu ilikuwa imeingizwa kama "mchango wa jamii katika mradi", si kama malipo ya nafasi. Kikao kingine, miezi kadhaa baadaye, kilibadilisha utaratibu wa kugawa, safu zikatolewa kwa walioomba upya. Sisi hatukuomba upya kwa sababu hakuna aliyetuambia kuna kuomba upya. Tangazo, kwa mujibu wa muhtasari huohuo, lilibandikwa ofisi ya kata. Mwaloni halikufika.

Mtaniuliza kama hilo ndilo lililotutia hasira. Kwa kweli lilitupoza. Muda wote tuliamini kuna mtu kakaa chini akapanga kutudhulumu, kumbe ni karani aliyeandika neno moja kwenye safu ya mapato na tangazo lililobandikwa mahali ambapo mama wa dagaa hafiki. Huwezi kumkamata mtu kwa hilo. Lakini unaweza kudai lirekebishwe, na sasa tulikuwa na karatasi ya kudaia.

Usuluhishi ulifanyika halmashauri, kisha watu wa Tume wakaomba kuona eneo. Hiki ndicho kitu nilichokipenda kuliko vyote. Walishuka mpaka mwaloni, na viatu vya mjini, wakatembea kwenye safu moja baada ya nyingine. Mmoja aliuliza kwa nini safu za upande wa chini hazina mtu. Afisa uvuvi akasema zinatumika. Mwenzetu akaenda akainua ukingo wa wavu, chini yake magugu yamefika magotini na nguzo mbili zimeliwa na mchwa. Hakuna aliyesema kitu. Yule wa Tume akapiga picha na kuandika kwenye daftari. Kwa maoni yangu, magugu yale yalisaidia kuliko barua zote, kwa sababu baada ya hapo mwanasheria wa halmashauri hakurudia tena kusema kwamba nafasi zimejaa.

Tulichopata: safu mbili mara moja, upande wa juu, mbili nyingine zikarabatiwe na kukabidhiwa mwaka mpya wa fedha ukianza Julai, michango yetu itambuliwe kama kodi ya nafasi ya kipindi cha mwanzo. Tulichokosa: fidia ya mzigo wa masika. Halmashauri walikataa katakata, na Tume ilituambia wazi kwamba kwa hilo ushahidi wetu ni mwembamba, kwa kuwa hatukuwa na kumbukumbu za mauzo kabla na baada. Daftari za kikundi zilionyesha michango na mikopo ya wanachama. Magunia hayakuwemo.

Nyota ya tano nimeinyima sheria. Tume ikimaliza uchunguzi inatoa mapendekezo, na mamlaka inatakiwa kueleza imefanya nini katika kipindi kisichozidi miezi 3. Isipofanya, Tume yenyewe inaweza kwenda mahakamani, au ikamshauri anayehusika aende. Yaani unaweza kushinda huku na ukarudi kulekule ulikotoka. Wanakijiji wa Nyamuma, Serengeti, mkoa jirani wa Mara, wanalijua hili kuliko sisi. Waliondolewa kwenye makazi yao 2001, Tume ikaona wameonewa, Serikali ikakataa mapendekezo, na madai yao yakaenda mahakamani mpaka Mahakama ya Rufani. Kwetu sisi halmashauri ilikubali kusuluhishwa. Ingekataa, ningekuwa naandika maelezo mengine, na pengine ningekuwa nimekaa na wakili nikihesabu ile miaka kwenye mlango wa kabati.

Kwa hiyo nani aende? Kama shida yako ni ofisi isiyojibu, faili lisiloonekana, uamuzi uliofanywa bila wewe kuitwa, nenda, na kama una kesi inayokwamishia majibu, zungumza na wakili juu ya kuiondoa kwa ruhusa. Kama unachotaka ni hela nyingi, au kuna mtu anabomoa kesho asubuhi na unahitaji zuio, baki mahakamani. Tume haina zuio la kumfanya tingatinga azime injini. Mgogoro wa nani ana kiwanja unakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba. Aliyeombwa rushwa aende TAKUKURU. Na jamani, aliyefukuzwa kazi kiwandani asiende Tume hii. Yake ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ya mambo ya kazi, na nimewakuta watu wenye barua za kufukuzwa wakisubiri kwenye foleni isiyo yao kwa sababu tu wote wanaitwa Tume.

Kingine, msiwachukie watu wa halmashauri mpaka mshindwe kukaa nao. Diwani wetu, ambaye mwanzoni alitukimbia, ndiye aliyekuja kutuambia tarehe ya kikao cha bajeti. Alituambia usiku, kwa simu, lakini alituambia.

Vitu vya kubeba: nakala ya amri ya kuondoa shauri kama ulikuwa na kesi, stakabadhi zote, barua ulizoandika zikiwa na muhuri wa kupokelewa, cheti cha kikundi na muhtasari wa kikao chenu kinachowateua mnaokuja kusema kwa niaba ya wengine. Hili la mwisho watu hulisahau, na bila hilo mtaanza kuulizana nani mkubwa mbele ya afisa. Toa nakala kabisa kwenye steshenari kabla hujafika. Nenda asubuhi. Weka namba ya lalamiko kwenye simu na kwenye daftari pia, maana simu za mwaloni zinajulikana huishia wapi.

Safu zetu mbili zinafanya kazi. Tumezigawa kwa zamu, anayepokea mzigo mkubwa anaanza, na mweka hazina, aliyepinga kuondoa shauri, ndiye anayeshika daftari la magunia. Hizo mbili nyingine bado. Julai imepita na nguzo hazijaletwa, wanasema fedha za robo ya kwanza hazijaingia. Barua ya kuulizia nimeshapeleka kwa mkurugenzi, nakala kwa Tume, na mbalamwezi ya mwezi huu ikianza ninakwenda kuchukua yangu yenye muhuri wa kupokelewa.